Jiwe Langu la Shule ya Mawe

Siku ile ya kugawa maharagwe, ndani ya nyumba ya zamani ya jibini juu kidogo ya Muheto, walikuwepo hawa karibu na meza: Mwalimu Faustin, mwenye shule, mke wake Mama Julienne, aliyetupikia maharagwe, Papa Kahembe, fundi wa jibini, ambaye nyumba ile ilikuwa yake kabla haijawa shule, baba mdogo Ndoole, aliyekuja na koti lake la kanisani, Safari, mvulana wa Walikale aliyenifundisha kugawanya, na Sifa, Bahati, Janvier na Mapendo, watoto wa kwetu, Mapendo akiwa bado anabebwa mgongoni. Wanafunzi wengine, thelathini na kitu, walikuwa wamejipanga ukutani. Nimeanza na majina kwa sababu ndivyo tulivyofundishwa pale: taja watu kwanza, ndipo ushike kazi.

Ninyi mliokulia huko juu wakati wangu mtakumbuka asubuhi zile. Ukungu ulikuwa mzito mpaka ng'ombe unamsikia akitafuna kabla hujamwona. Tulitoka nyumbani miguu mitupu, nyasi zikitulowesha hadi magotini, na kila mmoja alishika kiazi cha moto kilichotolewa majivuni. Kwanza kilikuwa cha kutupasha mikono. Tukifika njiapanda kilikuwa kimepoa, hapo ndipo tulipokila, na maganda pia. Mama alitusukuma mlangoni kwa maneno yaleyale kila siku: "Endeni, na musirudi na kelele, murudi na maji." Maana yake jioni kila mtu apite mtoni na bidoni yake.

Na chukudu zetu ndogo, zile baiskeli za mbao! Wavulana walizichonga wenyewe, gurudumu la mti, breki ni kisigino chako. Kutoka shuleni hadi mtoni ni mteremko mtupu. Nina kovu kwenye goti la kushoto mpaka leo, na nikikutana na mtu wa umri wangu kutoka kule huwa natazama magoti kabla ya uso. Watoto wa siku hizi magoti yao ni laini kama ya askofu. Kinachowauma ni dole gumba, kwa kubonyeza simu.

Lakini nilitaka kusema juu ya shule.

Watu waliiita shule ya mawe. Mwalimu Faustin alikuwa amefundisha miaka mingi katika shule za kawaida, akachoka, sijui kuchoka na nini hasa, akaomba nyumba ya Papa Kahembe iliyokuwa imekaa bure tangu ng'ombe wapungue. Ndani mlikuwa na rafu ndefu za mbao kutoka sakafuni hadi darini, na kwenye kila ubao palikuwa na maduara, alama za maji ya chumvi za jibini zilizokaa pale zamani. Tukivua masweta wakati wa joto tulinuka maziwa yaliyoganda. Hakukuwa na darasa la primeri ya kwanza wala ya sita. Hakukuwa na bulletini ya alama, wala kengele, wala minervali, ile ada ya shule. Wazazi walitoa salongo, kazi ya pamoja, kila Ijumaa katika shamba la shule, na lile shamba ndilo lililotulisha mchana.

Siku ya kwanza Mwalimu alikuuliza swali moja: "Weye unajua nini?" Mtoto mwingine alijua kukamua. Mwingine alijua kusuka. Mimi nilisema sijui kitu, akaniambia nirudi kesho. Kesho yake nikasema najua kutuliza mtoto anayelia. Akanionyesha duara langu, ubao wa tatu kutoka chini.

Mambo yalikwenda hivi. Ukifundishwa kitu, herufi, hesabu, neno la Kifaransa, fundo la kamba, chochote, uliteremka mtoni kuokota jiwe, ukaliweka ndani ya duara lako. Lile jiwe ni deni. Halikuondoka mpaka umemfundisha mwingine kitu kilekile, naye akakifanya mbele ya shule nzima, wewe ukiwa umefunga mdomo. Na aliyekufundisha wewe ndiye aliyesema kama kimefika au hakijafika. Mwalimu hakuwa na sauti hapo. Yeye mwenyewe alikuwa na duara, na lilikuwa limejaa kuliko yote, kwa sababu alijifunza kwetu kila siku na muda wa kulipa alikosa. Jiwe lake la somo la kutia chumvi jibini, alilofundishwa na Papa Kahembe, lilikaa pale mpaka likaota ukungu wa kijani.

Watoto wa shule ya misheni, wenye mashati meupe na bluu, walitungoja njiapanda.

"Shule ya mawe, mutakula mawe!"

Mdogo wangu Bahati, aliyekuwa mfupi lakini mdomo wake mrefu, aliwajibu: "Na nyinyi munakulaka bulletini? Inapikwa na chumvi?"

Tulicheka mpaka tukaangusha bidoni.

Safari alifika shuleni akiwa na miaka kumi na mitatu. Mama yake alikuwa ametoka naye upande wa Walikale, msituni kabisa, kuja kulima kwa watu. Alichukia baridi yetu. "Huku hewa inaumaka sawa mbwa," alisema, na mwezi mzima wa kwanza alivaa blanketi kama mzee. Lakini mikono yake ilijua mambo. Alitufundisha mitego, na Mwalimu akawa wa kwanza kuokota jiwe. Hesabu Safari aliipata haraka kutuzidi, na ilipofika zamu yangu ya kujifunza kugawanya, ni yeye niliyepewa.

Hakuanza na namba. Alichukua kiazi kikubwa, akasema ni mnyama aliyenaswa.

"Kwetu, papa yangu akileta nyama, kisu hakigusi kintu mbele batu batajwe," alisema. "Unataja kila muntu kwa jina yake. Mwenye kushika kisu anajitaja wa mwisho. Lakini anajitaja."

"Ju ya nini ajitaje? Si banamuona?"

"Asipojitaja, leo anafurahi bantu banamusifu. Kesho anakuya kuiba mu sufuria."

Nilicheka. Nikataja watu, nikakata kiazi, na kilichobaki tukakiweka pembeni, na ndiyo namna nilivyojua kwamba hesabu inaweza kuwa na mabaki bila kuwa na kosa. Nilishuka mtoni nikachagua jiwe la kijivu lenye mstari mweupe katikati, kwa sababu lilionekana kama limegawanywa.

Baba yetu alikuwa ameshatutoka wakati huo. Alikwenda barabara ya Walikale kutafuta kazi, na iliyorudi ni habari yake tu. Mama alifuata mwaka uliofuata, kwa homa ya siku tano. Sitasema mengi. Nilikuwa na miaka kumi na minne, Sifa tisa, Bahati saba, Janvier mitano, na Mapendo hajaanza kutembea. Mama alikuwa na kawaida ya kupakua sisi wote kwanza, halafu anakwangua sufuria na kula amesimama, mgongo ametupa. Alipoondoka nikashika mwiko, na bila kufikiri nikashika na ile kawaida.

Baada ya matanga, baba mdogo Ndoole alikaa nasi siku tatu. Hakuwa mtu mbaya, naomba mnielewe. Alikuwa na watoto saba na nyumba ya vyumba viwili. Siku ya tatu akanieleza alivyopanga: Sifa aende kwa shangazi huko Ngungu, Bahati aende kwake, Janvier apelekwe Bweremana kwa rafiki yake anayevua sambaza, Mapendo achukuliwe na mama mmoja wa kanisa asiye na mtoto. Mimi nitafutiwe kazi ya nyumbani. Alikuwa ameshawagawa wote, na hakuna aliyebaki.

Nilimwomba angoje. Shuleni kulikuwa na nafasi moja kila msimu wa maharagwe. Mtoto aliyekuwa na duara tupu, bila jiwe hata moja, Mwalimu alimchukua awe msaidizi wake: asubuhi anasoma, mchana anasaidia wadogo, na mavuno yakifika anapewa sehemu ya shamba, maharagwe na viazi vya kutosha nyumba moja. Duara langu lilikuwa limebaki na jiwe moja, lile la mstari mweupe. Nilikuwa nimeshamfundisha Sifa kugawanya. Ilibaki aonyeshe.

Baba mdogo alifikiri, akavuta pua. "Nitakuya ile siku, nione na macho yangu. Ukipata, mubakie pamoja. Ukikosa, kila mutoto iko na mahali yake. Na sitaki kilio."

Nilimfundisha Sifa tena usiku na asubuhi, kwa mahindi, kwa vijiti, kwa vifungo vya koti la baba. Alikuwa na akili. Hakukosea hata mara moja.

Siku yenyewe Mwalimu alimwaga maharagwe mezani, akahesabu ishirini na matatu, akamsogezea.

"Sifa, gawa hizi kwa batoto ba kwenu."

Sifa alisimama wima. Alikuwa amepakwa mafuta mpaka anang'aa. Akafanya kama nilivyomfundisha, na kama Safari alivyonifundisha: alitaja watu kwanza.

"Bahati," akaweka haragwe. "Janvier. Mapendo. Na miye, Sifa." Akajitaja wa mwisho, na akazunguka hivyo, moja moja, kwa utaratibu, mpaka akasimama. "Kila mutu tano. Zinabaki tatu."

Watoto wa ukutani wakapiga makofi. Mimi nikapumua. Baba mdogo aliitikia kwa kichwa kwamba ni vizuri. Safari peke yake ndiye hakupiga makofi.

"Safari," Mwalimu akasema, "imefika?"

Safari alitazama maharagwe, akanitazama mimi, akatazama tena maharagwe. "Hesabu iko sawa," alisema.

"Imefika ao haijafika?"

"Batu njo habatoshi."

"Banatosha," Sifa akadakia, amekasirika. "Tuko bane. Hesabu mwenyewe."

"Na dada yako?"

Sifa alimshangaa, kama mtu aliyeulizwa jua liko wapi. "Dada anakulaka nyuma."

"Anakulaka nini?"

"Ile yenye inabakia," Sifa akasema, na akamwonyesha kwa kidole yale maharagwe matatu.

Mtu mmoja ukutani alicheka, akaacha. Nilisikia sufuria ya Mama Julienne ikitokota nje. Nilitaka kusema kitu, lakini sheria ilikuwa nifunge mdomo, nami nilikuwa mtoto wa kushika sheria.

"Haijafika," Safari akasema.

Papa Kahembe ndiye aliyejaribu. "Mwalimu, mutoto amehesabu muzuri. Acha apite. Munataka kuua batu ju ya haragwe?"

Mwalimu Faustin aliinama juu ya meza. Nafikiri usiku mwingi baadaye aliijutia siku ile, au labda hakuijutia. Alikusanya yale matatu kiganjani mwake, akaniambia polepole, "Musimu yenye inakuya." Miezi minne. Alisema kana kwamba miezi minne ni kitu mtu anachoweza kula.

Nilitoka nje. Baba mdogo akanifuata, ameshavaa kofia.

"Baba mudogo, usibagawe," nilimwambia. "Miye njo natoka ku masomo."

"Utafanya nini?"

"Nitalima."

"Kwa nani?"

"Kwa yeyote mwenye shamba."

Alitazama mikono yangu. "Utaweza mpaka wakati gani?"

"Mpaka Mapendo aolewe."

Alicheka kwa mara ya kwanza tangu matanga. "Huyu mwenye iko mu mugongo?"

"Huyu."

Akasimama, akavua kofia, akaivaa tena. "Nitapita kila mwezi," alisema. "Siku nikikuta mutoto mumoja hajakula, nabeba bote." Na alipita kweli, kila mwezi, akichungulia sufuria kabla ya kusalimu.

Nilirudi ndani kuchukua jiwe langu. Mwalimu hakunizuia. Alisema tu kwamba ni langu mpaka nitakapolirudisha. Njiani kuelekea mtoni Safari alinikimbilia, blanketi likiburutika nyuma.

"Dada, nilitaka kusema imefika. Mudomo ilikataa."

Nilimjibu neno moja ambalo ningelirudisha kama maneno yangekuwa yanarudi. Nilimwambia, "Rudi kwenu mu pori." Baada ya mavuno yale mama yake alimchukua wakarudi kweli. Sikumwona tena.

Miaka iliyofuata haina hadithi nyingi. Nililima maharagwe ya watu, nililima viazi vya watu, nilibeba mihogo kutoka Ngungu kwenye barabara ambayo mvua ikinyesha hata mbuzi anakataa kupita. Wadogo zangu waliendelea katika shule ya mawe. Ijumaa nilikwenda mimi kwenye salongo kwa ajili ya nyumba yetu, nikilima nje ya dirisha, na ndani nasikia Bahati akibishana na Mwalimu juu ya Kifaransa. Sifa alimaliza duara lake likiwa tupu. Alipata ile nafasi, na maharagwe yake tulikula misimu mitatu.

Halafu tukakimbia vita, kama wengi wenu. Tulirudi, tukakimbia tena. Mara ya mwisho niliyopita pale, mabati ya nyumba ya jibini yalikuwa yameondolewa na rafu zimekuwa kuni za mtu. Mwalimu Faustin na Mama Julienne sijui walikoelekea. Papa Kahembe alizikwa Muheto. Mtu mmoja wa pikipiki aliniambia kwamba upande wa Walikale kuna mwalimu anayefundisha chini ya turubai, na watoto wake wana mawe. Nilimwuliza jina la huyo mwalimu. Hakulijua.

Sasa niko Bweremana, ninaanika sambaza. Bahati anaendesha pikipiki na mdomo bado mrefu. Janvier ana duka la vocha. Sifa anafanya kazi katika santé, kituo cha afya, huko Goma, na ana binti wa miaka kumi na mmoja, Neema. Mapendo aliolewa kiangazi hiki. Baba mdogo Ndoole alikuja na fimbo, macho hayaoni vizuri, akashika mkono wangu akasema, "Umemaliza." Nilitaka kufurahi. Niliyoyasikia ni magoti yangu.

Siku ya arusi nilisimamia sahani zote. Niliwapa wakwe, wazee, waimbaji, watoto, waliokuja bila kualikwa. Mwishoni Neema alinijia na sahani ndogo, wali wa chini ya sufuria na kipande cha ngozi ya kuku.

"Mama mukubwa, hii njo imebakia."

Nikala nimesimama.

Kesho yake nilitoa lile jiwe kwenye mfuko wa kitenge cha zamani. Nikamwita Neema, nikamwaga maharagwe ishirini na matatu juu ya meza, nikamwambia agawe kwa watu watano. Hakugusa maharagwe. Akatoa simu.

"Ine virgile sita," alisema, yaani nne nukta sita, bila kukaa.

"Sasa nipe yangu. Hiyo virgile sita naikulaka namna gani? Unaikata na wembe?"

Alicheka, mtoto mzuri, meno yote nje. "Mama mukubwa, na weye! Hakuna muntu anagawa maharagwe moja moja siku hizi."

"Kwenu munagawaka nini?"

"Kila mutu anajipakulia."

Labda ni vizuri hivyo. Watoto wetu hujipakulia, na hakuna anayepewa mgongo mtu akikwangua sufuria. Wana madaftari, wana mabegi yenye picha, wana walimu wanaowatumia kazi kwa simu. Sisi tulikuwa na rafu zinazonuka na mwalimu mwenye deni la chumvi. Lakini sisi ukituuliza nani alikuwepo, tunajua. Nilimwambia Neema akae, tuanze na majina. Alitaja mawili, baba yake akapiga honi nje. Shule za Goma zilikuwa zinafungua Jumatatu.

Kwa hiyo jiwe liko dirishani, karibu na chujio la sambaza. Jana nilisoma tena karatasi hii tangu mwanzo, kwa sauti, nikahesabu kwa vidole wale niliowataja kwamba walikuwa karibu na meza. Ni tisa. Tulikuwa kumi. Ningeweza kuandika jina langu pale juu sasa hivi, nafasi ipo pembeni ya mstari, lakini kuongeza nyuma si kutaja. Safari angeisoma, angekuna kichwa, angesema haijafika.